Maneno Uliyompa Nekesa

Mama yangu uliyelala Lumino,

Nimechoka, na kwa kuwa kila nilipochoka nilizoea kukusumbua wewe, leo nakusumbua tena.

Juzi nimemwona Nekesa. Si Nekesa wa jirani. Nasema yule wako, mwigizaji wa Kimarekani uliyekuwa ukimtafsiri kwa maiki katika kibanda cha video pale Busia, Jumamosi mchana, wanawake wa sokoni wamejaa kwenye mabenchi. Jina lake halisi hukulijali. Ulimbatiza jina la Kisamia na watu wakaridhika. Mwenye kibanda alikuwa amenunua katoni ya kanda kuukuu kwa mmisionari aliyekuwa anarudi kwao, nawe ukazipanga kwa umri wa yule mama. "Angalia shingo," uliniambia. Shingo laini, hizo ni filamu za mwanzo, zisizo na rangi, wanaume wanashuka kwenye treni kwa ajili yake. Baadaye zikaja tamthilia za televisheni, anawapikia kahawa wapelelezi. Mwisho yuko kitandani hospitalini, amepewa sentensi mbili tu, anakufa hadithi haijaanza. Hapo ulikataa katakata. Ulimwongezea maneno mpaka ikaonekana daktari anamsubiri amalize. "Kazi imemzeesha," ulisema, "wacha aongee."

Nilipoolewa Mwello, wewe ndiye uliyefungwa mdomo. Kwetu mama hatii mguu kwa mkwewe, wala hasemi neno juu ya ndoa ya binti; hayo ni ya baba na wazee. Niliporudi nyumbani mara ya tatu, mdomo umevimba, baba alisema Jumatatu wazee watanirudisha. Ulinipa maji ya chumvi nisukutue, ukanyamaza. Nilikuchukia kwa ukimya ule, mama. Leo nakwambia.

Jumamosi yake ukaniketisha mbele kabisa. Nekesa alisimama mlangoni ameshika sanduku, mumewe kakaa kwenye kiti. Midomo yake ilitikisika kidogo tu. Lakini wewe ulisema na maiki, taratibu, wala hukumtazama yeye bali mimi:

"Mimi natoka, na sirudi. Baba akasirike, wazee wakuje, sirudi. Mama yangu iko."

"Kumbe Amerika pia iko na wazee!" mtu akapaza sauti, kibanda kizima kikacheka. Mimi sikucheka. Jumatatu sikwenda, na baba alikununia mpaka mavuno.

Sasa sikia. Filamu ile nimeikuta kwenye simu, na Kiingereza changu kinatosha. Nekesa anasema chakula kiko jikoni, atarudi Jumapili. Basi! Anakwenda kumsalimia dada yake. Niliirudisha nyuma mara nne. Nikacheka, kisha nikakasirika. Miaka yote hii navusha nyanya mpakani, nimelea watoto wawili peke yangu, na kila aliyeniuliza nilimjibu kwamba niliamua mwenyewe. Kumbe uliniamulia wewe?

Na haya nayagundua wiki ileile wazee wa Mwello wameleta ujumbe. Aliyekuwa mume wangu amepooza upande mmoja, wanataka nirudi nimuuguze. Wananikumbusha kwamba mwanamke aliyeacha boma la mume hana pa kuzikwa. Hilo linaniuma kuliko wanavyojua. Kaka zangu nao wanaangalia chini. Kuna asubuhi moja nilianza kukunja nguo zangu, kwa uchovu tu, ili angalau siku moja nilazwe mahali ambapo hakuna atakayeuliza huyu ni wa nani. Nikakaa kitandani nikingoja uniambie la kufanya. Hukusema kitu.

Jana walikuja wenyewe. Niliwapikia chai, nikasubiri wanywe, nikawaambia simchukii mtu, lakini siendi. Mkubwa wao akaweka kikombe chini.

"Nani ametuma wewe useme hivi?"

"Hakuna, mzee," nikamjibu. "Mama alishakufa."

Walipoondoka niliosha vikombe. Lala, mama. Nilitaka ulijue hilo tu.

Ni mimi,
bintiyo wa mwisho