Upande wa Nyuma wa Plastiki

Alhamisi, ndani ya treni, natoka darasani Campbelltown

Leo roho imeburudika.

Muhula uliopita Kelvin, mwanafunzi mwenzangu, aliniibia hadithi akaisoma darasani kama yake, nikaishia kulia. Safari hii alipoomba michoro yangu ya katuni, "niangalie tu," nilimpa makusudi.

Nilikuwa nimeichora kama wachora katuni wa Kimarekani wa zamani, kabla ya kompyuta: kila hatua ya sungura kwenye plastiki yake angavu. Mistari inachorwa mbele, rangi inapakwa nyuma ili isiifunike. Kelvin hilo halijui, hajawahi kushika brashi.

Leo kasimama mbele ya darasa, anasema ni kazi yake. Nikamwacha aendelee. Niliogopa kitu kimoja tu, kwamba mwalimu hatauliza rangi ilivyopakwa.

Akauliza. "Geuza, tuone ulivyopaka rangi."

Kelvin akageuza. Nyuma ya kila sungura, juu ya rangi, kwa wino mweusi: Zuhura. Zuhura. Zuhura.

Akanifuata hadi mlangoni, jasho linamtoka. "Manze Zuhura, si ungeniambia tu?"

Nikamjibu:

"Ungepaka wewe, ungeliona jina langu."