Karatasi ya Barua ya Mama

Shangazi yangu mpenzi,

Shikamoo. Mguu unaendeleaje? Hapa karakana tunajalidi upya kitabu cha wanafalsafa wa Kifaransa, nami nakisoma kabla ya kukishona. Mmoja wao anasema: tilia shaka kila uliloambiwa, ubaki na lile tu ambalo akili yako inaliona wazi.

Nikaanza na barua ya mama, ile uliyosema aliiandika siku moja kabla ya kufa. Nimeiinua dirishani mwanga uipenye. Kwa karatasi, Shangazi, mimi sidanganyiki: ndani yake imejitokeza alama ya kiwanda cha karatasi kilichofunguliwa miaka minne baada ya msiba.

Naja Jumamosi, usihangaike kupika. Ukisema uliiandika wewe ili nisilie, nitakukumbatia. Ukinyamaza, nitaomba anwani ya mama.

Mwanao uliyemlea,
Fundi Gundi