Jeraha la Kiganjani

Jumapili, 6 Mei 1593

Shairi limekamilika! Kanisani kwa Waprotestanti—Malkia ametulazimisha sisi Wakatoliki kuhudhuria—mdomo uliimba zaburi zao, moyo ukatunga yangu. “Bwana wangu, fungua kiganja chako, jeraha lako ndilo nyumba yangu.” Nimemwandikia Kristo. Mbona basi mashavu yananiwaka kama nimemwandikia mtu? Padre, tuliyemficha nyuma ya dohani, bomba la moshi la sebuleni, amelisoma akakohoa. Eti nipunguze moto kidogo. Nimekataa!

Jumatano, 9 Mei

Balaa! Binamu yangu Bridget kaiba shairi, kampelekea Ambrose Wexcombe. Eti nampenda kimyakimya, yeye kanisaidia tu. Ambrose! Mtoto wa hakimu anayewasaka mapadre wetu! Nimemvuta Bridget nywele. Anacheka.

“Kama si yeye, ni nani? Mtaje basi, dada.”

Siwezi. Nikisema ni Kristo na majeraha yake, watanusa Ukatoliki wetu: nyumba itapekuliwa, Padre atapatikana, baba atanyongwa.

Ijumaa, 11 Mei

Ambrose amekuja. Peke yake. Tumetembea bustanini, mama akituchungulia dirishani. Shairi lote analo kichwani—na sauti ile, jamani! Kisha akasimama ghafla.

“Bi Ursula, mimi sina jeraha kiganjani.”

Nikageuka kumtazama mama dirishani.

“Namjua mwenye nalo,” akasema polepole. “Baba yangu hajalisoma bado. Lakini Bridget kamdokezea kuwa lina jeraha.”

Niliogopa kufa. Na bado nilitaka asisogee, asimame karibu vilevile.

Jumapili, 13 Mei

Wako chini! Hakimu na mwanawe. Mama anawakatia keki ya zafarani. Hakimu anataka nisome shairi mezani, asikie mkwewe mtarajiwa anavyoandika. Anatabasamu—vibaya.

“Nasikia mna jeraha humo, binti. Wakatoliki nao wanapenda sana majeraha.”

Na kiti chake kimeegemea dohani! Padre anasikia kila neno.

Nimesema napanda kuchukua nakala yangu. Ambrose kanifuata ngazini. Mkono wake umefungwa kitambaa, damu imepenya.

“Nini tena hiki?”

“Kisu. Ijumaa, nilipotoka hapa. Baba nimemwambia niliumia mawindoni kabla hujatunga shairi, nikaficha ndani ya glavu. Na wewe ndiye uliyenifunga. Umesikia?”

“Una wazimu, Bwana Ambrose!”

“Ninao. Soma bila woga. Ukifika pale pa jeraha, nitazame mimi, adhani ni langu.”

Akafungua kitambaa. Katikati kabisa ya kiganja! Nikakibusu. Sikufikiri, nilijikuta nimekibusu. Midomo ilipogusa, sikujua nambusu nani. Hata sasa sijui! Nilidhani nitaona aibu. Sioni. Naandika mbiombio tu, wino unarukaruka.

Mama ananiita kwa mara ya pili. Hakimu anagonga meza. Nakala ninayo, lakini ya nini? Shairi nalikumbuka lote. “Bwana wangu,” nitaanza, na macho yangu—

Nashuka!