Kivuli cha Machimboni

Mama, shikamoo kutoka Lubumbashi, kwenye matope ya mvua za kwanza.

Leo nilimsindikiza mdogo wako machimboni, njia ya Kinsevere, anakopasua mawe bapa ya kuwauzia wajenzi. Anagonga patasi ubavuni, jiwe linafunguka kama chapati ya tabaka. Nikajitia ualimu, nikamweleza kwamba zamani lilikuwa tope. Lilizikwa chini sana, joto na mgandamizo vikazilaza chembe zake zote upande mmoja, ndiyo maana linapasuka kirahisi hapo. Akacheka.

Jua lilipochoma tukakaa kula bukari, ugali wa huku, na samaki chini ya ukuta wa machimbo. Kokoto moja ikadondoka kwenye sahani. Nikainua macho. Ukuta mzima ni jiwe lile lile, tabaka zake zimeinama kuja kwetu, na maji ya mvua yanachuruzika katikati yake. Nikalirudisha tonge sahanini.

“Mama mdogo, tutoke hapa!”

“Unaogopa nini, mutoto? Hapa njo kuko kivuli.” Akaitoa kokoto kwa kidole, akaendelea kula.

Nilimvuta mkono hadi akakasirika. Kesho anarudi palepale. Mimi hanisikii, wewe dada yake atakusikia, lakini simu yako haipatikani, kwa hiyo kadi hii anakuletea jirani anayerudi Kigoma.

Nimekukumbuka sana, mama. Ila ikikufikia, usinijibu mimi kwanza. Mpigie yeye, hata kwa simu ya huyo jirani. Asipopokea, endelea kupiga.

Mwanao, Zuhura