Sahani ya Earlene

Mpendwa Mama Ozella,

Naomba unisaidie kama unavyowasaidia wengine gazetini, kabla Jumapili haijafika, maana nimefanya jambo la aibu na sina wa kumwambia hapa Memphis, ambako kila mtu ni binamu wa mtu. Mimi ni mtunzi wa nyimbo za soul, siimbi, natunga tu wengine wanaimba, na kwa muda mrefu nyimbo zangu zilikuwa zinarudishwa, bosi wetu wa studio, Hutch, ananiambia, "Dada, maneno unayo, ila humu ndani hamna mtu. Niletee mtu," basi nikampelekea mtu, nikampelekea dada yangu wa tumbo moja, Earlene.

Mume wa Earlene, Cleotha, alitoka wakati wa baridi akasema anakwenda kununua betri ya gari, hajarudi mpaka leo, na dada yangu kila jioni akawa anamwekea chakula chake, kuku, kunde na mkate wa mahindi, anakifunika kwa sahani nyingine juu ya jiko kama mama yetu alivyokuwa akimfanyia baba akichelewa kazini, halafu asubuhi kabla watoto hawajaamka anatoka nyuma anampa mbwa wao, anaosha sahani, anajifanya hakuna kitu. Aliniambia mimi peke yangu, analia, akasema, "Usimwambie mtu, nitaonekana mjinga," nikamwapia, na kesho yake nikakaa kwenye piano nikaandika: Nimekuwekea sahani, mpenzi, imefunikwa jikoni; asubuhi mbwa ameshiba, mimi bado nina njaa.

Mama Ozella, wimbo umeshika. Unapigwa redioni, unapigwa kwa wauza samaki, na majirani waliokuwa wamemwona yule mbwa anavyonona wakaunganisha mambo, sasa dada yangu akipita wanamuuliza, "Earlene, mbwa leo kala nini?" na juzi saluni mmoja akasema, "Mwacheni jamani, mbwa wa mwenzenu ananenepa kwa mapenzi," nami nilikuwa nimekaa pale pale nanyooshwa nywele, nikacheka pamoja nao. Nilicheka.

Earlene hajui kuwa ni mimi, kwa sababu niliomba kwenye sahani ya santuri liandikwe jina la kubuni, kiapo changu bado anakiamini, na kwake yeye aliyempa mtunzi siri hiyo ni Odessa, jirani yake na shoga yake tangu utotoni, ambaye asubuhi moja alimkuta akimmwagia mbwa chakula. Wote wawili ni wahudumu wa mlangoni kanisani, wamevaa zile glavu nyeupe tangu wakiwa wasichana, na Jumapili hii baada ya ibada kuna kikao, Earlene anataka Odessa avuliwe glavu mbele ya wenzake, asihudumu tena, na ameniomba nisimame nishuhudie kwamba domo la Odessa halina kufuli. Nikajibu, "Sawa, dada." Odessa mwenyewe alinifuata akanishika mikono, "Niombee kwa dada yako, mimi hata mume wangu sikumwambia," nikamwambia nitajaribu.

Na kinachonimaliza kabisa ni hiki, kwamba tangu yeye na Odessa wagombane sahani ya jikoni ni yangu. Nikichelewa studio napitia kwake, naikuta imefunikwa, na Earlene ananiambia, "Cleotha nimemwachia njia yake. Sasa namwekea mtu anayerudi." Nakula, nasema kitamu. Huku Hutch anadai wimbo wa jibu, mume naye aeleze kwa nini hakurudi, maana mke akishaimba hivyo watu wanamngoja mume, na nimeshapata mistari miwili, Mungu anisamehe, ni mizuri. Nikisema nitampoteza dada, nikinyamaza Odessa atavuliwa glavu zake. Nifanye nini?

Mwenye Aibu, Memphis

*

Mwenye Aibu,

Jibu hili nakutumia kwa posta leo Jumatatu. Gazetini litatoka wiki ijayo, majina yote nimeyabadilisha, mbwa nimemwacha kwa kuwa ameshajulikana. Kwa hiyo una siku chache za kuhakikisha dada yako hapati habari hii kwangu.

Pole, binti. Nakuonea huruma, kwa sababu mtu asiye na haya asingepoteza stempu kuniandikia. Lakini usinizungushe. Ungekuwa hukujua kwamba unakosea, ungeandika jina lako. Siku ulipoomba jina la kubuni ulikuwa umeshajihukumu mwenyewe, ukaendelea. Ulimtoa dada yako kwenye sahani moja ukampakua kwenye nyingine, na mji mzima ukaja kula.

Kutunga si kosa. Wimbo wako niliusikia kabla sijapata barua yako, na nilifunga bomba la maji jikoni nisikilize vizuri, kwa sababu nami niliwahi kumfunikia mtu chakula. Wapo wanawake wengi waliofarijika. Faida hiyo yote imetoka mfukoni mwa Earlene, na hakuna aliyemuuliza. Na hata barua hii uliyoniandikia, machozi ya dada yako umeyapanga vizuri mno. Huo ndio ugonjwa wako, ujue unao.

Sasa sikiliza. Wimbo wa jibu usiandike. Mwambie Hutch mume hana la kusema, jambo ambalo hata Cleotha mwenyewe amelithibitisha. Ile mistari miwili ichane, na usijidanganye kwamba umeisahau.

Jumapili usiingoje. Odessa hastahili kulala na aibu hii hata siku moja zaidi kwa ajili yako. Ukishasoma hapa, vaa koti uende kwa Earlene, watoto wakiwa nje. Usianze na Hutch, usianze na kazi ilivyo ngumu, usilie kabla yake. Sema, "Ni mimi niliyeandika. Odessa hakusema neno." Kisha funga mdomo, na akikutukana, pokea yote. Ukitoka hapo nenda kwa Odessa, mwambie hayo hayo. Na kama Earlene atakataa kuahirisha kikao, simama Jumapili kama alivyokuomba, ila ushuhudie ukweli, wote wasikie jina lako.

Usiniulize kama atakusamehe, kwa sababu mimi sijui, na wewe hustahili kujua kabla ya kusema.

Neno langu la mwisho ni kuhusu jikoni. Ukikuta sahani yako imefunikwa juu ya jiko, usiifunue. Sema kwanza. Akikupa baada ya hapo, kula, hata kama imepoa. Asipokupa, rudi kwako na njaa yako, na usiitungie wimbo.