Kikombe cha Tatu

Limu, wakati wa mavuno

Mwanangu Lelise,

Nimefika salama shambani kwa mama yako. Ulinituma nimshauri auze shamba, ahamie kwako mjini. Sijamshauri, na nitakueleza sababu.

Nilimkuta akigeuza buni juani, mkono ukitupa mbovu bila yeye kutazama. Mibuni aliyoiacha marehemu ndugu yangu imeinama kwa matunda mekundu. Akakaanga buni mbele yangu, akatwanga, akachemsha. Kwenye kikombe cha kwanza nikakohoa ili nianze kusema, naye akanikatiza:

"Shemeji, kunywa! Maneno yako hayataota mbawa."

Desturi yetu unaijua: kahawa ile ile huchemshwa mara tatu, na kikombe cha tatu ni cha dua. Jambo zito lisemwe kabla yake, kwani baada ya dua hakuna ubishi. Kwenye cha pili alinisimulia vituko vya mbuzi wa jirani, nikacheka hadi machozi. Hapo hapo akamimina cha tatu, akainua mikono: "Mungu alilinde shamba hili, na mzee aliyesafiri kuja kulisifu."

Ningefanyaje? Niliitika amina, tena kwa moyo wote.

Sasa njoo useme mwenyewe, mapema, kabla ya cha tatu. Ila uje matunda yakingali mtini, uone unachotaka kiuzwe.

Baba yako mkubwa,
Wakjira