Mama Analipungia Bomba Mkono

Nyumba ya Kona,
Mkabala na karakana ya milango ya chuma.

Jumapili, 14 Septemba

Mpendwa dada yangu,

Shikamoo. Hujambo huko uliko? Baridi imelegea? Na lile goti lililokuwa likikusumbua kwenye ngazi, limepona au bado mnaviziana? Sisi huku ni wazima kwa kiasi chetu. Mama anakula, analala, na anawasema watu kama kawaida, kwa hiyo ujue roho imo. Habari zake nitazieleza kwa kirefu huko mbele. Usiruke mistari kuzitafuta, nakujua.

Mimi sijatulia. Barua hii nimeianza asubuhi, nikaiacha, nikazunguka chumba, nikafungua dirisha, nikalifunga. Wifi yako ameniambia nikae chini au nitoke nje, nichague moja. Na usishangae kwamba nakuandikia kwenye karatasi kama watu wa zamani. Simu ninayo, ila siku hizi siiamini. Ukifika mwisho utaniambia kama nimekuwa mwehu.

Kwanza la furaha. Kitinda mimba wetu amemaliza filamu yake. Ukimwita kwa jina sasa haitiki, mwite Direkta. Inaitwa *Jicho la Nguzoni*, filamu ya ngumi na mbio, na maneno yote ya wahusika nimeyaandika mimi, bure, kwa sharti moja tu: iseme ukweli kuhusu polisi wanaochungulia watu. Kisa chake ni cha fundi wa kuchomelea anayefuatwa kwa kosa la kufanana na mwizi mmoja. Kila anapogeuka, kamera. Akinunua mkate, kamera. Akimbusu mchumba wake, kamera. Anakimbia, anapigana, na mwishowe anapanda nguzo na kuling'oa lile jicho kwa mikono yake. Nilitaka watu watoke ukumbini wamekunja ngumi.

Unajua msimamo wangu. Kuna wasomi wanaosema asiye na kosa haogopi kuonwa. Waambie basi waache mlango wa choo wazi, uone watakavyokasirika! Faragha si pango la wezi. Ni mahali ambapo mtu huvua uso wake wa sokoni akapumzika. Nimeyasema haya magazetini mpaka wahariri wakanichoka, na nitayasema tena.

Lakini dada, ungeiona hiyo filamu! Helikopta ya polisi ni mashine ya kusaga nafaka iliyorekodiwa kwa karibu. Pikipiki ya kufukuzana ilikuwa na mafuta ya kwenda, ya kurudi haikuwa nayo, kwa hiyo mwizi anaonekana akiisukuma. Shujaa anaruka kutoka paa la karakana na magodoro yanaonekana chini yake, mapya, na nailoni zake. Nikamwambia Direkta, "Magodoro yanaonekana." Akanijibu bila haya, "Kaka, watadhani ni mtaa wa wauza magodoro."

Kamera za polisi alizitengeneza fundi bomba, yule jirani yetu mwenye kigugumizi anayeimba bila kigugumizi. Alichukua bomba la plastiki la maji machafu, akalikata vipande, akapachika kitako cha chupa mbele, akapaka rangi ya kijivu, na ndani akatia kitaa chekundu cha kuwaka na kuzimika kilichotolewa kwenye gari la kuchezea. Wakazifunga kwenye nguzo za mtaa. Kupiga picha kukaisha. Ngazi ilikuwa ya kuazima, mwenyewe akaja kuichukua, na kamera zikabaki juu.

Hapo ndipo vituko vilipoanza. Ule ukuta wa karakana, ambao tangazo la "Usikojoe hapa" lilishindwa kuulinda tangu enzi za marehemu baba, ukakauka. Mtu na mkewe wa nyumba ya pili, waliokuwa wakigombana barazani kwa faida ya mtaa mzima, wakahamishia ugomvi chumbani, tumepoteza burudani. Na kamera moja, kwa bahati mbaya au nzuri, ilikuwa inatazama lango la kituo cha polisi. Askari wa langoni, waliozoea kumwomba kila mwenye pikipiki "chochote kitu", wakadhani wakubwa wao wameanza kuwachunguza. Wakaacha kuomba. Wengine wakawa wanaipigia saluti. Nilicheka mpaka nikakaa chini, kisha kicheko kikanikaukia. Majirani wakaniambia, "Mzee Mbishi, hizi kamera zisitolewe, mtaa umenyooka." Mwaka mzima nimeandika filamu ya kuwaambia kwamba hicho ni kitanzi, nao wananiomba nisikilegeze!

Kamera nyingine ilitazama baraza ya mama.

Mama akamuuliza Direkta kile ni nini. Yeye, unamjua, mdomo haumkai, akamwambia, "Hilo ni jicho la dada. Anakuona kutoka huko huko aliko." Alikuwa anatania. Mama hakuwa anatania. Kesho yake alitoka na gauni lake la kwendea harusini, akavuta kiti mpaka pale anapodhani unamwona vizuri, akalipungia bomba mkono. Akakusalimia kwa sauti. Akakupa habari: mguu wake, bei ya nyanya, nani kafa na nani alistahili kufa akabaki. Tangu hapo ni kila asubuhi. Kitaa kikizimika kwa sababu ya betri, anatunyamazisha sote: "Taratibu, dada yenu amelala. Kwao sasa ni usiku." Direkta akitia betri mpya, mama anasema umeamka.

Nilimwambia Direkta amweleze ukweli. Akasema nimweleze mimi, si ndimi mpenda ukweli? Nikasema nitafanya hivyo baada ya filamu kuoneshwa.

Ikaoneshwa, katika ukumbi wa shule. Watu walijaa mpaka madirishani, na mgeni rasmi, kwa akili za mdogo wako, alikuwa mkuu wa kituo cha polisi. Niliketi nyuma nikingoja hasira ya umma. Sasa sikiliza. Nafasi ya inspekta katili tulimpa muuza nyama, kwa sababu ya kifua chake. Yule bwana ana uso wa huruma na anachekesha hata akitaka kutisha. Ukumbi mzima ukampenda! Shujaa wangu alipojificha nyuma ya pipa, mama mmoja akasimama akamwelekeza polisi kwa kidole: "Huyo hapo! Nyuma ya pipa! Inspekta, geuka!" Wengine wakaitikia, "Geuka!" Dada, watu walimchongea mtu wao kwa polisi wa kwenye pazia, kwa hiari, na tiketi wamelipia.

Hilo ningelimeza. Lakini Direkta alibandika mwishoni vichekesho vya nyuma ya pazia: waigizaji wanasahau maneno, pikipiki inaanguka, na fundi bomba, akiimba, anakata bomba na kupachika kitako cha chupa. Ukumbi ukavunjika mbavu. Mkuu wa kituo hakucheka. Nilimwona akihesabu moyoni saluti zote zilizopotea.

Kesho yake tukaitwa.

"Mmewafanya askari wangu wapigie saluti bomba la choo," akasema.

"Afande," nikamjibu, "bomba la choo limewafunza adabu ambayo mishahara yenu haikuweza."

Direkta akanikanyaga mguu. Mkuu akaniangalia kama mtu anayechagua samaki, akasema, "Huyu ndiye wa magazetini?" Direkta akasema, "Ndiye, afande, lakini nyumbani ni mpole." Tukaamriwa kuzishusha zote siku hiyo hiyo, la sivyo Direkta alale ndani na filamu izuiwe.

Nami hapo, mimi ninayenyoosha shingo mbele ya wakubwa kama jogoo, nikasikia mdomo wangu ukiomba. Nikasema, "Afande, tuachie moja. Ya barazani kwa mama yangu."

"Ya nini?"

"Anadhani binti yake aliye ng'ambo anamwona."

Akavua kofia, akaikagua ndani kama aliyedondosha kitu humo. "Basi hiyo niachie," akasema. "Nitaishughulikia mwenyewe."

Nikamshukuru. Nikampa mkono! Njiani nikamsifu kwa Direkta kwamba kumbe chini ya magwanda kuna mtu. Neno "kushughulikia", dada! Maisha yangu yote nimekuwa mtu wa kuyapekua maneno ya wakubwa kama mama anavyochambua mchele, na lile nikaliacha lipite na jiwe lake.

Jumatatu iliyofuata wakaja mafundi na ngazi yao wenyewe. Wakalitoa bomba letu, wakafunga kamera ya kweli. Ndogo, nyeusi, kama jicho la panya, yenye kinasa sauti, na waya wake unakwenda moja kwa moja kituoni. Wanasema nguzo ile ilikuwa kwenye mpango wao siku nyingi. Mama aliwatazama wakifunga, akawakaribisha chai. Walipoondoka akasema, "Dada yenu kabadilisha miwani."

Na akaendelea kukusalimia. Kila asubuhi anavaa, anaketi, anapunga mkono, na anayempokea ni askari mbele ya kioo. Magonjwa yake, siri zetu, majina ya watu. Nilijaribu kumwambia. Nilifungua mdomo, nikauliza kama amekunywa dawa. Nimepigana na wakubwa wenye magari marefu, lakini kwa mwanamke mmoja mwenye fimbo nimeishiwa maneno.

Sasa nakuja kwenye lile ulilokuwa unalitafuta. Usishtuke, yamepita.

Alhamisi hii iliyopita mama hakutoka nje. Alipata kizunguzungu akateleza kando ya kitanda, akashindwa kunyanyuka. Direkta alikuwa chumba cha uani, masikio yamezibwa na hedifoni, akitafuta mlio mzuri wa ngumi. Mimi nilikuwa nyumbani kwangu naandika makala. Makala ya kitu gani? Ya kupinga kamera za mitaani. Aliyegundua ni askari kijana wa zamu. Alitoka kituoni mbio akagonga mlango, akamwambia Direkta, "Bibi leo hajatoka kusalimia." Wakamwinua. Kisha askari akanipigia simu. Namba yangu sikuwahi kumpa.

Nilifika nikamkuta amepiga goti, anamnywesha mama maji kwa kijiko, kwa utulivu ambao mimi na wewe tungeuonea wivu. Daktari alisema ni presha, na kwamba alikuwa hanywi maji ya kutosha. Sasa anatembea. Nilimshukuru kijana yule kwa moyo wote, na shukrani hiyo siifuti.

Lakini alipokuwa anavaa kofia aondoke, akaniuliza kwa upole kabisa, kama mtu anayeulizia hali ya hewa: "Mzee, ule mfuko mweusi uliomletea bibi Jumanne, mbona uliufunika kwa koti? Ulikuwa na nini?"

Dada, ulikuwa na vitu vya mama. Vitu ambavyo mtu mzima hataki vijulikane kwamba amefikia umri wa kuvihitaji, na ambavyo alinikataza hata wewe nisikwambie. Nikavitaja. Mbele ya mgeni, sebuleni kwake, mama akitazama ukuta. Kijana akasema, "Ah, samahani, tunauliza tu." Na akaondoka, na akaandika, bila shaka, kwa sababu ndiyo kazi yake.

Tangu siku hiyo siwezi kukaa. Ile makala nimeichana mara mbili. Kila hoja ninayoiandika inamkuta yule kijana amepiga goti na kijiko mkononi, na ninapotaka kumsamehe, namwona mama anatazama ukuta. Lugha yetu yenyewe inanisaliti: mama anahitaji wa kumwangalia, nao wakaja kumwangalia. Neno moja. Na sisi watoto watatu, tuliotakiwa kulitenganisha, tulikuwa wapi? Sikusemi wewe peke yako. Na wewe nakusema.

Jana jioni niliketi naye barazani, nimeapa kwamba leo namwambia. Akanitangulia. Alikuwa anaitazama ile nguzo, akasema polepole, "Zamani nilikuwa najua dada yako akilala na akiamka. Siku hizi hapepesi macho. Sijui ananiangalia au haniangalii."

Vitabu vyote nilivyosoma kuhusu jambo hili, hakuna kilicholisema vizuri hivyo, na yeye alikuwa anamsemea binti yake tu.

Kwa hiyo nakuomba, na unajua siombi hovyo. Ukimaliza kusoma, mpigie mama. Asubuhi, kabla hajavaa lile gauni. Mwambie wewe, kwa sauti yako, kwamba jicho lile si lako. Kutoka kwangu litakuwa hoja nyingine ya Mbishi. Kutoka kwako litakuwa habari ya mwanawe. Wakisikiliza, wasikilize, wamesikia mabaya kuliko hayo. Kisha mpigie na kesho yake. Akitoka barazani awe ameshakusikia, ili akilitazama lile jicho asimtafute mtu humo. Akitaka kulipungia mkono, alipungie akijua ni la nani.

Wifi yako anakusalimu sana na anasema goti hilo ulikande kwa maji ya chumvi. Direkta anakusalimu, anaandika filamu ya pili, na ameapa magodoro safari hii yatafichwa. Fundi bomba anakusalimu kwa wimbo. Lile bomba letu alilichukua, sasa linapitisha maji jikoni kwa mama, na halivuji.

Mungu akuangalie, Yeye asiyehitaji nguzo, na akurudishe kwetu kabla mama hajazoea kumwita mtu mwingine kwa jina lako.

Ndugu yako akupendaye hata akikugombeza,

Mbishi